Sahani ya Sissy Lavern

Verdell Tatum alipiga pasi mashati ya watu kwa miaka ishirini na mbili, katika jumba la dobi la mvuke nyuma ya kituo cha treni cha Beaumont. Jina lake liliandikwa mahali patatu tu: kwenye cheti cha ndoa na mwanamume aliyekwenda Kalifornia kuunda meli wakati wa vita na akasahau njia ya kurudi, kwenye kadi ya kazi, na kwenye daftari la kwaya la kanisa letu la Baptisti la Mto Kebari. Kati ya hayo, alijali hilo la tatu peke yake.

Alisimama mstari wa mbele wa kwaya, wa tatu kutoka kushoto, tangu akiwa na miaka kumi na tisa. Jumapili ya kwanza ya kila mwezi yeye ndiye aliyeanzisha wimbo wa meza ya Bwana. Mimi si mtu wa kulia kanisani. Nimeuza barafu, nimeuza makaa, nimeuza vitanda vya waliofariki, na mahubiri mengi huwa nayatumia kupangia wiki yangu. Lakini Verdell alipoufungua mdomo, hata mimi niliacha kupanga.

Mwaka 1955 nilikuwa na duka la sahani za muziki mtaa wa Forsythe, na masanduku ya muziki ya kutia sarafu ishirini na sita katika mikahawa na maduka ya vinyozi kuanzia hapa hadi Port Arthur. Sanduku la muziki lina kidude ndani kinachohesabu kila sahani imechezwa mara ngapi. Wenye kampuni kubwa walikuwa wakibahatisha watu wanapenda nini. Mimi nilifungua mlango wa nyuma kwa ufunguo nikasoma. Nilichosoma ni kwamba watu wazima huweka sarafu moja wakakaa na huzuni yao, lakini watoto wa shule hurudia wimbo uleule mara kumi, mradi una kasi na wanaweza kuucheza. Nikaamua kutengeneza sahani yangu mwenyewe.

Wimbo niliukuta dobi, nilipokwenda kuchukua mashati. Ile mashine ya pasi ilikuwa ikishuka na kupumua, pshii-ta, pshii-ta, na Verdell, jasho likimtiririka hadi kwenye viwiko, alikuwa akiingiza maneno katikati ya mapigo: mwanamke anamfokea mumewe mvivu akoroge chungu kisije kikaungua. Koroga, Bubba, koroga. Wasichana wa upande wa mikono ya mashati walikuwa wakitingisha viuno bila kujijua.

“Dada Verdell, unaimba nini hicho?”

“Upuuzi tu, Bwana Purifoy. Nisipoimba nitalala, nijipige pasi vidole.”

“Njoo uimbe upuuzi huo mbele ya maikrofoni.”

Alicheka. Halafu akaacha kucheka. “Mama Prejean akisikia, atanikalisha.”

Alikuwa na haki ya kuogopa. Mama Eulalie Prejean ni shemasi wa akina mama, na kanisani kwetu mwanakwaya akiimba nyimbo za dunia hukalishwa: unavuliwa joho, unapelekwa benchi la mwisho, mdomo umefungwa, mpaka siku utakaposimama mbele ya watu wote uombe radhi. Nimeona wanaume wenye mabega kama milango wakilia kwenye benchi lile.

“Hatasikia,” nikamwambia. “Jina lako halitakuwepo.”

“Niapie.”

Nikaweka mkono juu ya rundo la mashati ya watu nikaapa kwamba jina la Verdell Tatum halitatoka kinywani mwangu kuhusu sahani ile, kwa mtu yeyote, kwa sababu yoyote. Alinifanya nirudie maneno ya “kwa sababu yoyote”. Nikampa mshahara wake wa wiki mbili, akaukunja ndani ya leso, tukamaliza.

Tulirekodi asubuhi ya Jumanne kwenye chumba kilicho juu ya duka la fanicha. Ulysse Batiste alipiga piano, na kijana mmoja ambaye hakudumu mjini alipiga ngoma. Verdell aliimba mara tatu, ya tatu ikawa ndiyo. Mzungu mwenye mitambo akausikiliza utepe, akakuna kidevu.

“Anaimba vizuri huyu mwanamke. Lakini ana sauti ya mama wa mtu. Watoto mama wanao nyumbani.”

Verdell alikuwa ameshashuka ngazi kuwahi zamu. Jamaa akagusa swichi, akaukimbiza utepe kasi kidogo kuliko ulivyorekodiwa, si sana, kama mtu anayetembea aliyeona mvua. Utepe ukikimbia, sauti hupanda na kuwa nyembamba. Mwanamke wa miaka arobaini na moja akawa msichana wa kumi na sita, mtundu, meno nje. Batiste akaweka vidole kwenye piano kuutafuta wimbo ulipo sasa, akaukosa.

“Umeangukia ufa,” akasema. “Hauko kwenye kibonye hiki cha piano wala kile.”

“Unasikikaje hapo kwenye ufa?” nikamwuliza.

“Unaruka, bosi.”

“Basi acha uruke.”

Kwenye karatasi ya sahani tuliandika Sissy Lavern, jina nililolitunga nikisubiri chakula. Halafu nikatafuta msichana wa kulivaa. Charlene Guidry alikuwa na miaka kumi na saba, anatoka mji wa Orange, miguu mirefu, sauti kama filimbi ya mleta barua, na aliweza kuimba ule wimbo juu kulekule ulikopanda. Nikamshonea gauni la manjano nikamtembeza.

Kufikia Mei, masanduku yangu yote ishirini na sita yalikuwa yameila ile sahani hadi mifereji yake ikawa nyeupe. Redio zikaichukua hadi Houston, hadi Lake Charles. Kampuni moja ya kaskazini ikaniandikia: wanataka kununua vyote pamoja, sahani, jina na msichana, na ziara ya miji arobaini. Msichana ndiye waliyemtaka hasa. Walituma mtu amtazame mapaja, wakasema ndiyo.

Tarehe kumi na tisa Juni, siku yetu ya kukumbuka kutoka utumwani, Charlene alipitishwa mtaani juu ya mgongo wa gari lililo wazi, akirusha peremende. Verdell alikuwa kando ya barabara na wenzake wa dobi, mkononi soda nyekundu. Ludie Simms, anayepiga pasi mikono ya mashati mashine ya pili kutoka kwake, alikuwa akipiga kelele mpaka mishipa ikamtoka.

“Mwoneni mtoto! Sauti ile Mungu kampa wapi?”

“Mimi,” Verdell akasema.

“Wewe nini?”

“Ile sauti. Kwenye sahani. Ni mimi.”

Ludie akamtazama kuanzia viatu hadi kofia. “Shoga, jua limekupata. Sogea kivulini.”

“Nimekwambia ni mimi. Ule wimbo si mnausikia kila siku natunga pale pale mashineni?”

“Huo wimbo wote tunauimba! Kila mtu anauimba! Basi na mimi ndiye Sissy Lavern.” Akainua sketi kidogo akatingisha, na wale wasichana wakafa kwa kicheko. “Sissy Lavern mwenye vidole vibaya vya miguu!”

Sijui kwa nini alisema siku ile. Angenyamaza angekuwa salama. Alikuwa amenyamaza miezi minne, akiusikia kwenye redio ya dobi mara nane kwa siku, na nadhani hakuweza tena kumpigia makofi mtu mwingine kwa pumzi zake mwenyewe.

Jumapili iliyofuata Mama Prejean alimwita chumba cha pembeni. Kosa lilikuwa kuimba nyimbo za dunia. Verdell alikiri palepale, akavuliwa joho, akakalishwa. Nami niliyekuwa nikimwona kutoka kiti changu niwaambieni: hakuinamisha kichwa. Alikaa kwenye lile benchi kama mwanamke aliyevaa kofia mpya. Ameadhibiwa kwa sababu ya sahani ile, kwa hiyo sahani ile ni yake. Watu waliona kiburi, na walikuwa sawa.

Sasa mji ukagawanyika, na mji ukigawanyika Hosea Binns hukosa usingizi. Binns alikuwa mtangazaji wa kipindi cha alasiri, akijiita Jogoo wa Saa Tisa, na alikuwa akiwika kweli, hewani, kabla ya kila tangazo la sabuni. Akaja dukani.

“Purifoy, mama wa dobi anasema yeye ndiye Sissy Lavern. Nataka nimweke hewani. Jumamosi, dukani kwako, watu wamejaa. Tunaicheza sahani, anaimba pamoja nayo. Kama ni yake, atakaa juu yake kama kofia juu ya kichwa.”

“Na Charlene?”

“Charlene naye aimbe. Haki ni haki.”

Ningeweza kukataa. Lakini mtu akikataa jaribio, watu husema anaficha, na yule wa kaskazini alikuwa anakuja kutia saini Agosti. Tena nilijua Verdell atashindwa. Hakuna koo la binadamu linaloweza kwenda lilikopelekwa na swichi. Nikasema Jumamosi ni sawa.

Ijumaa mchana akaja mwenyewe, na aproni bado kiunoni.

“Bwana Purifoy, wewe ulikuwepo.”

“Nilikuwepo.”

“Nikikwama, utasema.”

“Uliniapisha nisiseme. Kwa sababu yoyote. Maneno yako.”

“Nimekufungulia.”

“Imba kwanza, Dada Verdell,” nikamwambia. “Tuone kama kutakuwa na haja.”

Akashukuru. Aliondoka akishukuru.

Jumamosi duka lilijaa hadi barabarani. Binns akawika. Sindano ikashuka, piano ikalia, na Verdell, amevaa gauni la Pasaka, akafungua mdomo pale pale sauti ya sahani ilipofungua wake. Alijua kila pumzi. Alijua mahali pa kuvuta, mahali pa kukata, mahali pa kucheka kidogo kabla ya jina la Bubba. Lakini sahani ilikuwa juu yake, inamkimbia, naye anaifuata kwa chini kama mtu anayefukuza basi. Akajaribu kupanda. Mshipa wa shingo ukasimama. Alipofika kwenye “koroga” ya pili, sauti ikapasuka.

Watoto waliokuwa mlangoni ndio walioanza kucheka.

“Mama, koroga taratibu! Utamwaga!”

“Mleteeni maji! Mleteeni na fimbo!”

“Simamisheni,” Verdell akasema, mbele ya maikrofoni, mji mzima unasikia. “Kuna kitu wamefanya humo. Siyo hapa nilipoimbia. Batiste, nipigie pale tulipoimbia.”

Batiste alikuwa kwenye piano yangu ya dukani. Ukimtoa yule Mzungu wa mitambo, ambaye hakuna aliyemwuliza, yeye ndiye mtu mwingine pekee mjini aliyejua. Akanitazama. Nilikuwa nimemwahidi kwenda na Charlene miji yote arobaini, na alikuwa na mke mjamzito. Nikamtazama tu. Akapiga pale walipoimbia kweli, taratibu, chini, na Verdell akaimba, vizuri, kama alivyoimba Jumanne ile. Ikawa mbaya zaidi. Kila aliyekuwepo alisikia mama mtu mzima, sauti nzito kama blanketi, na alipomaliza hawakuhitaji kuuliza.

Kisha Charlene akapanda kwenye kiti, Batiste akasogeza vidole juu, kwenye noti iliyo karibu zaidi na ule ufa, na msichana akaupiga ule wimbo kama kengele. Tofauti ndogo iliyobaki haikusikika kwa mtu yeyote isipokuwa Batiste, aliyekuwa akitazama vidole vyake. Siku ile niliuza sahani mia mbili na kumi.

Jumatatu Verdell hakwenda kazini. Alikuja dukani, akasimama mbele ya meza.

“Nimepoteza sauti yangu, au nimepoteza akili. Niambie ni ipi.”

Nilimwonyesha. Si kwa huruma. Alikuwa ameanza kwenda nyumbani kwa Batiste kugonga mlango, na nilitaka aelewe atulie. Nikaweka sahani kwenye mashine, nikalaza kidole gumba ukingoni, polepole, mpaka ikapunguza mbio. Sissy Lavern akashuka, akashuka, akanenepa, akazeeka, na ghafla Verdell Tatum alikuwa anaimba dukani kwangu.

Alishika meza kwa mikono miwili. “Mimi huyo.”

“Wewe huyo.”

“Basi njoo na kidole hicho kanisani.”

“Sahani ya dunia haiingii kanisani, unajua. Na mimi nina mkataba wa kutia saini.”

“Sema tu kwa mdomo, basi.”

“Nikisema, wa kaskazini hanunui. Msichana hana ziara, Batiste hana kazi, mimi sina kitu, na wewe bado unapiga pasi. Nani amepata?”

Akafikiria kwa makini, maana hakuwa mjinga. “Mimi,” akasema.

Akanunua sahani kwa pesa yake, sahani ya sauti yake mwenyewe, sikumpunguzia, akaipeleka moja kwa moja kwa Mama Prejean. Haya yaliyofuata aliyasimulia Mama Prejean mwenyewe, kwa kila mtu. Alisema Verdell alimkuta barazani anamenya uduvi, akamwomba alete mashine ya mjukuu wake. Akaiweka sahani, akaweka kidole gumba, ikashuka hadi kwake.

“Umesikia, Mama Shemasi?”

Mama Prejean akafuta mikono. Akaingia ndani, akatoka na sahani nyingine ya mjukuu, ya msichana fulani wa New Orleans, akaiweka, naye akalaza kidole chake kinachonuka uduvi. Ikashuka, ikanenepa, ikazeeka.

“Na huyu naye ni wewe, Dada Tatum? Mbona unaimba miji mingi hivyo?”

“Sikiliza vizuri, Mama. Sikiliza pumzi.”

“Nimesikiliza. Nimesikiliza redioni Jumamosi pia, pamoja na kaunti nzima. Ulikuja kwangu ukakubali kosa usilolifanya, ili watu wakuone mkubwa. Nimekuwa shemasi miaka thelathini, nimeona walevi, nimeona wazinzi, sijaona mtu anayeiba dhambi ya mwenzake.”

Hivyo kosa likabadilishwa. Kuimba nyimbo za dunia kukafutwa kwenye daftari, badala yake kukaandikwa uongo na kujikweza. Masharti yakawa mepesi, tena Mama Prejean aliyatoa akidhani ni wema. Jumapili ya kwanza ya Agosti asimame, aseme alidanganya, na joho lake atalivaa palepale, aanzishe wimbo wa meza. Akishikilia neno lake, jina linatoka kwenye daftari la kwaya, moja kwa moja.

Ijumaa akaja tena. Mara hii hakuomba.

“Wa kaskazini anakuja lini?”

“Jumatatu.”

“Na Jumapili ndiyo siku yangu.”

“Najua.”

“Ungeweza kumwomba Mchungaji asogeze wiki moja. Halafu ukishatia saini, useme.”

Lilikuwa wazo zuri, la kibiashara, na nililifikiria kwa haki. Lakini mkataba ulikuwa na kipengele kwamba msichana ndiye mwenye sauti, na mimi ndiye nitakayeapa hivyo. Ningesema wiki moja baadaye, wangenishtaki wanidai hadi suruali niliyovaa.

“Haiwezekani,” nikamwambia. “Wewe ndiye uliyetaka jina lisiwepo, Dada Verdell. Sijavunja neno hata moja kati ya tuliyokubaliana.”

“Hapana,” akasema. “Hujavunja.”

Jumapili kanisa lilikuwa na joto kama tanuri, mapepeo ya karatasi yakipiga. Binns alikuwepo, amekaa pembeni yangu. Hakuwa wa kwetu, ila hakukosa tamasha. Mchungaji akaita. Verdell akatoka benchi la mwisho akaja mbele kwa mwendo wake wa kila siku, akageuka akatutazama. Kanisani kwetu mtu akisimama kuungama, watu humsaidia.

“Sema, dada!”

“Nilisema ile sauti kwenye sahani ni yangu,” Verdell akaanza.

“Sema kweli!”

Macho yake yalinipata, yakakaa kwangu. Nilikuwa nimevaa suti mpya, na jasho lilikuwa linaingia kwenye ukosi. Sikusogea.

“Sema kweli, usiogope!” Ludie Simms akapaza sauti kutoka katikati, machozi yakimtoka, na alimaanisha.

“Si yangu,” Verdell akasema. “Nilidanganya. Naomba mnisamehe.”

Kanisa zima likainuka. “Amina! Asante, Yesu!” Wanawake wakamkumbatia, huyu na yule. Mama Prejean akaleta joho mwenyewe, akamvisha, akafunga vifungo vya juu kama mtu anayemvisha mtoto kwenda shule. Verdell akapanda hatua mbili, akasimama mahali pake, wa tatu kutoka kushoto. Kinanda kikampa sauti ya kuanzia, naye akaanzisha wimbo wa meza.

Niliogopa kwamba hataweza. Aliweza. Sijawahi kumsikia akiimba vile, kabla wala baadaye. Ilitoka chini kabisa, bila kujitahidi, na mapepeo yakasimama. Mzee mmoja mbele yangu aliangusha miwani asiiokote. Verdell aliimba bila kutazama kitu chochote.

Binns alinigusa goti. Alikuwa amefungua mdomo kama samaki.

“Purifoy,” akaninong'oneza, “mama huyu ana sauti, bwana. Yote haya ya kudanganya ya nini? Mbona hukumrekodi yeye?”

“Wanakwaya hawakubali,” nikamwambia. “Wanaogopa kukalishwa.”

“Hasara,” akasema, akitikisa kichwa.

Kapu la sadaka likaja, nikatia, nikalipitisha kwake. Jumatatu saa nne yule wa kaskazini alifika, nikatia saini.